Nilivyomwita Mke Wangu kwa Amri ya Jaji

Mimi nimesoma hadi darasa la pili, na la pili lenyewe sikulimaliza, kwa sababu ng'ombe wa baba walikuwa hawana mchungaji na mwalimu alikuwa na fimbo. Lakini nimemshitaki mtu Mahakama Kuu, Dodoma, na nikashinda. Wasomi wangapi mtaani kwenu wanaweza kusema hivyo? Nilikuwa namdai mke wangu.

Nianze na huyo mke. Mama wa watoto wangu alitangulia, nikabaki mgane. Watoto ni watu wazima, kila mmoja ana kwake. Nilikuwa nimejenga Msalato, nyumba ya vigae, tangi la maji juu, ndege zinapita hapo karibu, na ndani ya nyumba yote hiyo tulikuwa mimi na redio. Asubuhi nakwenda Kibaigwa sokoni, jioni narudi kwa redio. Pale Kibaigwa nilianza kwa kubeba magunia ya mahindi mgongoni. Leo nina malori na mashine ya kukamua alizeti. Sisemi haya kwa kujisifu, nasema ili ujue unazungumza na nani.

Huyu mama alikuja sokoni na maharage yake kutoka Kibakwe. Aliyaleta mwenyewe, hakumpa dalali. Nikaingiza mkono kwenye gunia, kama ninavyofanya siku zote, nikasema maharage haya yana unyevu.

Akaniangalia. "Baba, toa mkono wako kwenye gunia langu. Kama unatafuta unyevu, uko kwenye macho yako."

Watu wakacheka. Nikanunua magunia yote.

Msimu uliofuata nikanunua tena, na mimi si mfanyabiashara wa maharage. Dada yangu, ambaye ni mkubwa kwangu na hajawahi kunionea aibu, alifungua stoo akasema, "Mdogo wangu, una maharage kuliko shule ya bweni. Kwa nini usioe tu?"

Basi nikamwendea yule mama nikamwambia, mimi sina umri wa kuzungukazunguka, na wewe ni mjane, unasemaje? Akasema, "Mimi nakutaka. Ila kuna jambo la Kibakwe halijaisha." Nikamwambia hakuna jambo la Kibakwe linaloshinda cheti cha serikali. Tukaenda bomani, tukafunga ndoa, dada yangu shahidi upande wangu, na mama lishe mmoja wa sokoni shahidi upande wake. Tukala wali na kuku. Akahamia Msalato, redio ikapata mtu wa kubishana nayo.

Wanawe hawakuambiwa. Ana wanaume wawili, wakulima wa vitunguu huko milimani, wenye pampu zao na pikipiki zao. Mama alitaka kuwaeleza taratibu. Lakini habari za sokoni hazina utaratibu, zilifika Kibakwe kabla ya maelezo yake. Wakasikia mama yao kaolewa na dalali mzee wa Kibaigwa. Dalali. Neno hilo ndilo lililoniuma baadaye, maana mimi si dalali, mimi ni mnunuzi.

Siku moja nikiwa sokoni walikuja Msalato. Walimsalimia vizuri, wakamwambia mjukuu wake amejifungua, twende ukamwone mtoto. Alifunga khanga mbili akaondoka nao. Jioni hakurudi, nikasema analala kwa mtoto. Wiki ikapita. Simu yake ikawa haipatikani. Nikapanda lori langu nikaenda: Mbande, Kongwa, Mpwapwa, halafu ile barabara ya milima inayokutikisa hadi meno.

Nilimkuta mwanawe mkubwa amesimama getini kwake. Jitu refu, mikono kama mipini ya jembe, mzee wa kanisa hapo kijijini.

"Shikamoo mzee," akasema. Hata akiwa adui yako, mtoto wa huku atakusalimu kwanza.

"Marahaba. Nimemfuata mke wangu."

"Hapa hakuna mke wa mtu. Hapa yupo mama yetu."

"Ndiye huyohuyo."

"Basi mama yetu hasafiri."

Geti lilikuwa na kufuli, na ufunguo niliuona umening'inia shingoni kwake kama msalaba. Nyuma yake, kwenye kamba ya nguo, niliziona zile khanga mbili. Kwa hiyo alikuwa ndani. Nikaita kwa sauti. Hakutoka. Niliona pazia likisogea, basi.

Hilo pazia ndilo lililonitesa njia nzima ya kurudi. Kufuli nalielewa. Lakini mtu aliyefungiwa si anapiga kelele? Nikawa najiuliza: huyu amezuiwa, au amenichoka? Mtu mzima kama mimi, niliyelala juu ya magunia Kibaigwa na mvua ikininyeshea bila kulalamika, nikawa sili. Dada yangu akanipikia mlenda na ugali wa uwele, chakula ambacho sijawahi kukikataa tangu nazaliwa, nikakisogeza pembeni. Akasema, "Eh. Sasa huu ni ugonjwa. Nenda kwa wanasheria."

Polisi na kwa mtendaji wa kijiji, nilikokuwa nimeshitaki kabla, kila mtu aliniambia haya ni mambo ya kifamilia, mkayamalize nyumbani. Nyumbani kwa nani? Nyumbani kwenyewe ndiko kwenye kufuli.

Wakili niliyempata Dodoma mjini alikuwa binti, mdogo kuliko mwanangu wa mwisho. Alinisikiliza bila kunikatiza, na hiyo peke yake ilinifanya nimheshimu. Kisha akasema, "Baba, hapa tusianze na ndoa. Tuanze na mtu. Kuna mtu mzima amezuiwa asitoke. Kuna maombi tunapeleka Mahakama Kuu. Jaji anamwambia aliyemshika: mlete hapa mbele yangu, na unieleze unamshikilia kwa haki gani."

Akayataja maombi hayo kwa jina lao la Kilatini, hebiasi kopasi. Nikamwambia hilo jina aliache mezani kwake, lakini sheria yenyewe nimeipenda. Miaka yote nimekuwa nikitafuta mahali pa kumwuliza mtu swali hilo: unashikilia kwa haki gani?

"Lakini baba, tuelewane," akasema. "Jaji hatakupa mke. Jaji anafungua mlango. Mama akishatoka mlangoni, anakwenda anakotaka yeye."

"Wewe fungua mlango," nikamwambia. "Mengine niachie mimi."

Nilisema kwa kifua. Moyoni nililiona lile pazia.

Wakaandika kiapo changu, nikasainishwa. Amri ikatoka, ikapelekwa Kibakwe. Siku ya kesi nilivaa suti yangu ya harusi, ile ya juzi. Dada yangu akasema haachwi. Alivaa gauni la kitenge na viatu vya kuazima, akakaa mstari wa mbele kama mwenye mahakama.

Wakaja. Wanaume wawili katikati yao mama, kajifunga kitambaa cheusi kichwani. Mimi sikuwahi kumwona na kitambaa cheusi. Aliniangalia mara moja, akaangalia chini. Sikujua nisome nini hapo. Kusoma hata kwenye karatasi kunanishinda, sembuse uso wa mwanamke.

Jaji alikuwa mama mwenye miwani na sauti ya chini. Wakili wangu akaeleza. Jaji akasema angependa kumsikia mwombaji mwenyewe. Nikapewa Biblia, nikaapa. Karani akaniambia nitaje jina langu. Wakili alikuwa ameniusia: jibu unachoulizwa, usiongeze. Lakini mimi naapa mbele ya Mungu na serikali, nitataja jina moja kama ninajiandikisha kununua dawa? Kwetu Ugogo mtu hajakamilika bila ukoo. Nikataja jina langu, la baba, la babu, nikataja na ukoo, na mahali ukoo wetu ulikotoka kabla ya kushukia Kongwa.

Nikasikia mtu anakohoa. Sio kukohoa. Mwanawe mkubwa, lile jitu, alikuwa ameziba mdomo kwa mikono yote miwili, mabega yanacheza. Mdogo wake anamvuta shati huku naye anacheka.

Jaji akavua miwani. "Mjibu maombi, kuna kinachokuchekesha?"

Akasimama. "Naomba radhi, Mheshimiwa. Ni ukoo wa huyu mzee. Ni watani zetu."

"Watani."

"Ndiyo, Mheshimiwa. Hawa ndio wanaotuzika."

Hapa nieleze kwa asiye wa kwetu. Kila ukoo wa Kigogo una ukoo mwingine ambao ni mtani wake. Mtani anakutukana na hukasiriki. Anaingia kwako, anachukua kuku, unamtazama. Na ukifiwa, yeye ndiye anayesimamia mambo ambayo nyinyi wenye machozi hamwezi. Mjane hatoki msibani mpaka mtani aje amvue kile kitambaa cheusi, amnyoe, amtukane marehemu, watu wacheke. Baada ya hapo ndipo yuko huru, akitaka kuolewa aolewe.

Sasa pale Kibaigwa hakuna anayeuliza ukoo. Unaulizwa umeleta nini na magunia mangapi. Mimi pale najulikana kwa jina la lori langu la kwanza, hata benki wananiita hivyohivyo. Huyu mama nilimwuliza bei, nikamwuliza kama amechoka kuishi peke yake, sikumwuliza marehemu mumewe alikuwa ukoo gani. Na yeye hakuniuliza wangu. Wagogo wawili wazima tulikwenda bomani kama watu waliokutana kwenye treni.

Jaji akasema, "Utani mtaufanya nje. Hapa tuna swali moja." Akamgeukia mke wangu. "Mama, unashikiliwa bila hiari yako?"

Mke wangu akasimama. "Mheshimiwa, geti lina kufuli na ufunguo anao mwanangu. Hilo ni kweli. Na lisingekuwa na kufuli nisingetoka vilevile. Hilo nalo ni kweli."

Wakili wangu akaandika kitu kwa kasi. Mimi nikakaa bila kuambiwa nikae.

"Kwa nini usingetoka?" jaji akauliza.

"Sijatolewa msibani, Mheshimiwa. Baba yao alipofariki, watani wa ukoo wake walikuwa wametawanyika, hatukumpata hata mmoja. Tukasema mwakani. Mwakani ikawa mwakani. Huyu bwana nilimwambia kuna jambo la Kibakwe halijaisha, akanionyesha cheti. Nikaenda naye, maana nilimpenda na nilikuwa nimechoka kungoja. Lakini niliporudi nyumbani nikapita kando ya kaburi la mume wangu, miguu ikagoma. Nikakifunga tena kitambaa. Nikasema sitoki tena kama mwizi. Wanangu nao wakafunga geti. Sasa sijui nani alimfunga nani."

Hata mlinzi wa mlangoni alikuwa ameegemea ukuta anasikiliza.

"Ukitoka hapa unataka kwenda wapi?"

"Kibakwe, Mheshimiwa."

Jaji akaamua palepale. Akasema mama ni mtu mzima, hakuna mtoto wala mume wala ukoo wenye haki ya kumfungia. Ufunguo akabidhiwe sasa hivi, mbele yake. Na tangu saa hiyo anakwenda anakotaka, akianzia na Kibakwe kama alivyosema. Lile jitu likavua ufunguo shingoni likampa mama yake kwa mikono miwili. Wakili akanigeukia akanong'ona, "Tumeshinda, baba."

Nikamwangalia. Nimeshinda kesi, mke anarudi Kibakwe. Ushindi wa namna gani huo?

Tukatoka koridoni. Nilikuwa nimejiandaa kusema maneno makali, lakini yule mwanawe mkubwa akanitangulia. Alinijia amepanua mikono.

"Kumbe ni wewe, panya mzee," akasema. "Ningejua ni mtani aliyeingia ghalani kwetu ningekutegea mtego, nisingehangaika na kufuli."

Ukisikia hivyo kutoka kwa mtani, huwezi kunyamaza, ni kama kuacha mkono wa mtu hewani. "Na mimi ningejua," nikamjibu, "ningekuja na kamba nikuswage pamoja na mbuzi wako. Mwili wote huo umelelewa kwa maharage ya mama yako, halafu unamfungia."

"Mtani haendi kwa jaji. Mtani anaiba."

"Niliiba vizuri tu, mkaja kuiba tena."

Dada yangu akapita katikati yetu, akawatazama wale wanaume juu hadi chini. "Baba yenu alikuwa na sura hii hii, au hii mmeitafuta wenyewe?"

Wakili wangu, ambaye si wa huku, alidhani ngumi zinaanza. Alikwenda kumwita askari. Tulimkuta askari mwenyewe ni Mgogo wa Chamwino, anacheka kuliko sisi.

Mke wangu peke yake hakuwa anacheka. Alikuwa amesimama na ufunguo wake mkononi. Nikamsogelea. Nikamwambia, "Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo nini?"

"Kitambaa."

"Kama una watu wa kukivua, waje," akasema. "Ila usikivue wewe. Mwizi hawi shahidi."

Tukapanda lori langu wote, wanaume nyuma, wanawake mbele. Tulifika jioni, tukalala, na asubuhi watu wa kijiji wakajaa. Kazi ikafanywa na dada yangu. Nimemjua mwanamke huyu maisha yangu yote na sikujua ana kipaji hicho. Alikaa juu ya kiti cha mzee wa kanisa, akadai uji, akasema uji wenu mwembamba kama imani yenu. Alimnyoa mke wangu, akamvua kile kitambaa. Kisha akaenda kaburini, akagonga udongo kwa kisigino.

"Wewe bwana," akamwambia marehemu. "Umelala miaka yote hii na bado umeng'ang'ania khanga ya mwanamke. Huoni aibu? Ulikuwa mlafi hai, na mlafi chini. Mwachie. Mdogo wangu ana sura mbaya, nakubali, lakini anapumua."

Watu walicheka hadi wengine wakaketi chini. Lile jitu lilikuwa linajifuta machozi, na hayakuwa ya kicheko yote. Mke wangu akacheka, akalia, akacheka tena, kichwa kinang'aa kwenye jua la milimani.

Halafu akaingia ndani.

Kwa desturi, mjane akishatolewa haulizwi. Anaachwa. Anaweza kubaki na wanawe, anaweza kurudi kwao, anaweza kufanya lolote. Hakuna cheti hapo wala jaji. Nikakaa kwenye benchi nje, mimi na suti yangu. Dada yangu akaja kukaa kando yangu. Wanawake wakaendelea kupika. Mtu akaniletea chai, ikapoa.

Akatoka na ungo. Akakaa barazani akaanza kupeta maharage, taratibu, anatoa mawe moja moja. Nikasema basi, mtu anayepeta maharage amekaa. Akamaliza ungo mzima. Akayamimina kwenye gunia, akalishona mdomo, akasimama akajikung'uta.

"Hivi lori lenu linapakiwa na nani?" akauliza, kama anauliza hali ya hewa. "Gunia hili na yale mawili ya ndani. Mimi nakaa mbele, dirishani. Sitaki kukaa karibu na gia."

Mwanawe mkubwa alibeba magunia hayo matatu peke yake, anatukana tu kila hatua. Alipomaliza alikuja hadi mlangoni mwa lori, akanivua koti la suti mwilini mwangu, akalivaa. Halikumtosha hata mabega. Akaondoka nalo hivyohivyo, mikono ikining'inia nje, na mimi sikuwa na la kufanya. Ni haki yake.

Tulipovuka Mpwapwa nikamwambia mke wangu koti lile lilikuwa la harusi.

"Najua," akasema. "Na lilikuwa linakubana. Nilitaka kukuambia siku ileile ya bomani."